Jumamosi za Kulikalia Gari

Rafiki yangu, kama umewahi kumiliki gari linalozeeka pamoja nawe, unaujua ule mlio. Si mkubwa. Ni kong, halafu kimya, halafu kong tena ukivuka tuta. Mwezi uliopita nilimchukua baba kutoka shambani kwake huko Turbo nimpeleke Eldoret kwenye kliniki ya presha, na kila tuta tulilopita mlio ulitoka chini ya miguu yake. Nilijifanya sijasikia. Nilikuwa na haraka, na pia nina tabia ya kuamini kwamba ubovu ambao haujatajwa bado haujaanza. Baba, ambaye siku hizi husikia anachotaka tu, huo aliusikia. Alisema raba ya upande wa kushoto imekwisha, kisha akageukia dirisha.

Baada ya kliniki tulipitia kwa fundi wangu, kijana mpole mwenye uwanja wa mabati kwenye barabara ya kwenda mji mdogo wa Ziwa. Aliinua gari kwa jeki, akatoa gurudumu, akatia raba mpya, akaanza kuzungusha nati. Baba akanyoosha mkongojo wake. "Usikaze ikiwa juu," alisema. Kijana hakukasirika. "Hiyo najua, Mzee. Nashika tu na mkono, nitaishusha kwanza." Akarudisha gurudumu, akashusha gari, halafu akaniomba niingie nikae ndani ili akaze likiwa na uzito. Nikaingia. Nilipotazama nje nilimwona baba amesimama pale kwenye matope, mdomo ameukaza, na nikajua amekwenda wapi kwa mawazo, kwa sababu mimi pia nilikuwa nimekwenda huko huko.

Ngoja nikueleze habari ya hiyo raba, maana bila hiyo hutaelewa kwa nini familia nzima inaweza kukaa ndani ya gari ambalo haliendi popote. Kati ya mkono wa chuma unaoshika gurudumu na mwili wa gari kuna kipande cha raba. Mafundi hukiita bushi. Kazi yake ni kujinyonga kidogo gurudumu linapopanda na kushuka, ili chuma kisigonge chuma. Ukikaza bolti yake gari likiwa limeinuliwa, raba inashikwa katika hali hiyo ya hewani, na ukilishusha gari inalazimika kuishi imejinyonga siku zote, kama mtu aliyelalia shingo vibaya. Haichukui muda itachanika. Baba alijifunza hilo kwa njia ya wabishi wote, yaani kwa kuharibu. Krismasi moja alikaza bolti gari likiwa juu ya mawe, tukapakia kuku, sukari na mikate ya kupeleka nyumbani magharibi, na kabla hatujafika Turbo gari likaanza kugonga. Fundi mmoja wa kando ya barabara akamweleza kosa lake, na tangu siku hiyo baba akawa na dini mbili: ile ya Jumapili, na ile ya kukaza gari likiwa limesimama kwa uzito wake.

Sasa, baba hakuwa mtu wa kufanya jambo nusu. Alikuwa karani katika bohari la mahindi, na wiki nzima aliandika vipimo vya watu wengine. Jumamosi ilikuwa ya kupima vitu vyake mwenyewe. Alisema gari letu halijawahi kusafiri tupu hata siku moja, kwa hiyo halifai kukazwa likiwa tupu. Likazwe watu wake wakiwa ndani, kila mmoja mahali pake pa kila siku. Akachimba shimo refu katikati ya uwanja wa ploti yetu, vyumba vya kupanga vya mtaa wa Langas, mahali pa kusimama ameinama huku gari limekaa juu yake, na mwenye ploti akalalamika mpaka akachoka. Akachonga pia kijiti cha mkaratusi na kukitia alama ya kalamu. Alikisimamisha kutoka katikati ya gurudumu mpaka kwenye ukingo wa madigadi, lile bati linalofunika gurudumu, na kama ukingo umekaa kwenye alama, basi gari liko sawa. Likiwa si sawa, hatukushuka.

Lilikuwa stesheni wagoni kuukuu, rangi ya maziwa yaliyolala. Ndani lilinuka mafuta ya taa, magunia, na kile kitambaa cha viti kisichokauka vizuri tangu mvua ianze hadi iishe. Jirani yetu mwalimu, mtu wa upande wa ziwa, mnene na mpenda utani, ndiye aliyekalia kiti cha dereva, kwa vile dereva mwenyewe alikuwa shimoni. Alishika usukani kwa mikono miwili na kuuliza abiria wanashukia wapi. Nyuma tulikaa mimi, mdogo wangu, na yule mama jirani aliyeuza kabichi sokoni, ambaye alisema kwamba katika wiki nzima hapo ndipo mahali pekee alipokaa bila mtu kumuuliza bei.

Na mbele kushoto alikaa mama. Mama alikuwa mwanamke wa mwili, na baba alijivunia jambo hilo hadharani. Alisema gari hilo waliliunda wakimfikiria mke wake. Mama akiingia, gari liliitikia. Kutoka shimoni tulimsikia baba akisema, "Haya, sasa gari imekuwa gari," na mama akamwambia akaze nati awachane na mambo ya watu. Tulikula mahindi ya kuchemsha, tukanywa chai kutoka kwenye chupa, tukapitisha vikombe mbele na nyuma. Nje kulikuwa na ukungu, mlio wa kinu cha unga, ile posho mili ya konani, na harufu ya mbao mbichi kutoka kwa seremala. Chini yetu spana iligonga, baba alinung'unika, na mama aliimba nyimbo za kanisani kwa sauti ya chini, akipitisha beti mbili tatu kisha kuziacha. Kama unataka kujua furaha ya utoto wangu ilikaa wapi, ilikaa humo, ikiwa imepigiwa honi na mwalimu.

Halafu ukaja mwaka ule mbaya. Mvua za masika zilikuwa zimekolea, mahindi ya watu yamefika magotini, na gari likarudia kugonga. Baba akatuita kama kawaida. Tukaingia, kila mtu kwenye kiti chake, na akazunguka na kijiti. Upande wa kulia ulikaa kwenye alama, au chini yake kwa unywele. Upande wa kushoto, mbele, ukingo wa madigadi ulikuwa juu ya alama. Si sana, upana wa kidole cha mtoto labda, lakini kwa baba huo ulikuwa mlima. Akatuambia tushuke na tuingie tena. Tukashuka, tukaingia. Hali ni ile ile.

Jambo lililomkera ni kwamba halikuwa na maana. Springi huchoka, alisema, springi haijawahi kuamka asubuhi imepata nguvu mpya. Akahitimisha kwamba ya kulia ndiyo iliyolala, na kwamba gari zima limeegemea huko na kuinua bega la kushoto. Wiki hiyo akatafuta springi kwa wauzaji wa vipuri vya mitumba, akarudi nayo mabegani, akaitia Jumamosi iliyofuata akiwa amelowa hadi kwenye kiuno. Ikasaidia kidogo. Jumamosi nyingine, kushoto kukapanda tena. Akabadilisha ya kushoto nayo. Akasogeza gari, akasema labda ardhi imezama kwa mvua. Akabadilisha raba zilizokuwa bado nzima. Kazini alikuwa karani yule yule, lakini nyumbani alikula akitazama dirishani, na usiku nilimsikia akimweleza mama habari za springi, na mama akimjibu kwa upole kwamba atapata tu, apumzike.

Eldoret wakati wa masika ni mahali pazuri pa kujificha. Kila mtu amevaa sweta juu ya sweta, na mama alivaa hivyo hivyo na leso begani, kwa hiyo nani angejua? Mezani alitugawia nyama yake, akisema ameonja ilipokuwa jikoni. Mimi na mdogo wangu tulifurahi, watoto ni watoto. Alikuwa na maumivu chini ya mbavu ambayo hakumtajia mtu, na alikuwa na sababu yake. Dada yake mkubwa aliingia wodini na tumbo kama hilo akitembea kwa miguu yake, na hakutoka hivyo. Kwa mama, hospitali haikuwa mahali pa kupona. Ilikuwa mahali pa kuambiwa.

Jumamosi moja baba alipokuwa ametoka shimoni tena na kijiti chake, amesimama kwenye manyunyu akikuna kichwa, mwalimu alitoa kichwa dirishani akamwambia, "Labda si springi, rafiki yangu. Labda ni abiria amepunguza ugali." Tukacheka sote. Baba alicheka, mama jirani alicheka, na mama alicheka kuliko wote, akampiga mwalimu kofi la begani. Ulikuwa utani wa kawaida wa ploti, wala mwalimu hakujua alichosema. Lakini kuanzia Jumamosi iliyofuata mama alikuja kukalia gari na kikapu cha viazi mapajani, kimejaa mpaka juu. Alisema atavimenya akiwa amekaa, asipoteze wakati.

Na alama ikakaa. Baba alisimamisha kijiti, akainama, akakisimamisha tena, halafu akapiga boneti kwa kiganja. Alimwambia kila mtu kwamba ilikuwa springi tu, ilihitaji kuzoea. Hakuna aliyeuliza kwa nini viazi vinarudi jikoni na maganda yake.

Katika wiki hizo ndipo nyanya alipofika, mama yake mama, akitoka magharibi kuja kutazamwa macho. Hapa lazima nikueleze desturi ya kwetu, kwa maana bila hiyo mambo yaliyotokea hayana kichwa. Mkwe wa kiume na mama mkwe wake huheshimiana kwa umbali. Hawashikani mikono, hawali meza moja, na mama mkwe halali chini ya paa la mume wa binti yake. Nyanya alilala kwa mama jirani, na mchana alikaa kwenye kigoda kando ya mlango wao. Akitaka kumwambia baba kitu aliniita mimi, na baba naye alijibu kupitia kwangu, hata kama wamesimama mahali ambapo kila mmoja anasikia vizuri. Mwambie baba yako mvua itaharibu matofali yake. Mwambie nyanya asante, nitayafunika. Nilichoka kuwa simu ya watu wazima, lakini nilijiona mtu muhimu.

Kuingia kwenye gari huku mkwe wake yuko chini yake halikuwa jambo hata la kufikiriwa. Kwa hiyo sisi tulipokaa ndani, nyanya alikaa nje akitutazama, na macho yale mabovu yakaona ambayo sisi tuliobanana bega kwa bega hatukuyaona. Aliniuliza mama anakula nini. Nikamwambia ukweli, kwamba anaonja jikoni. Akaniuliza viazi vile huwa tunakula lini. Sikujua. Nikamsikia yeye na mama wakibishana jikoni kwa lugha ya nyumbani, sauti za chini, mama akisema baada ya palizi, baada ya mitihani ya watoto, na nyanya akirudia neno moja tu, leo, leo. Mama akaniona mlangoni akanituma maji.

Nyanya alijaribu njia iliyokuwepo. Alinituma kwa baba. "Mwambie baba yako mgeni wake anauliza kama watu wa nyumba hii wako wazima." Nikapeleka. Baba alikuwa akifuta spana. Akaniambia nirudishe salamu, wote wazima, na gari nalo limepona. Nikarudisha neno hilo kama nilivyopewa. Nyanya alilisikia, akatikisa kichwa, akatazama ule uwanja kwa muda mrefu. Angefanyaje? Maneno aliyokuwa nayo hayakuwa ya kupita mdomoni mwa mtoto, na mdomo wake mwenyewe ulikuwa umefungwa tangu siku binti yake alipoolewa.

Jumamosi iliyofuata tuliingia garini. Kulikuwa na baridi, vioo vilikuwa vimefunga ukungu, mwalimu alikuwa akitangaza kwamba basi la Ainabkoi linaondoka. Baba alipima, akaridhika, akashuka shimoni kukaza bolti za mwisho. Nikamwona nyanya anainuka kwenye kigoda. Alikuja taratibu akishika leso yake, akazunguka mbele ya gari hadi kwenye dirisha la mama. Mama akamwambia arudi kwenye joto.  Nyanya akaingiza mikono yote miwili dirishani na kushika masikio ya kikapu. Mama naye akakishika. Kwa muda wakawa hivyo, mama na mtoto wake, wanavutana kikapu cha viazi, halafu mama yangu akaachia. Nafikiri alikuwa amechoka. Nyanya akakitoa nje na kukiweka chini kwenye matope.

Gari likapanda. Mimi nisingelijua, lakini baba alikuwa na mkono wake juu ya chuma.

"Nani ameshuka?" aliuliza kutoka chini.

 Mwalimu aligeuka kututazama tulio nyuma, akahesabu kwa macho, akamtazama mama.

"Nimeuliza nani ameshuka."

Ndipo nyanya aliposema. Hakuniita mimi. Aliinama kidogo kuelekea shimoni na kusema mwenyewe, kwa Kiswahili chake cha kuvunjikavunjika. "Hakuna mtu ameshuka, baba. Ni huyu mtoto wangu anaisha."

Spana ilinyamaza. Kisha baba akatoka, magoti mekundu kwa udongo, akasimama mbele ya mama mkwe wake bila kuinamisha macho, kitu ambacho sikuwahi kukiona. Akatazama kikapu. Akafungua mlango wa mama, akamshika mkono juu ya kiwiko, juu ya sweta mbili, na vidole vyake vikakutana. Hapo nilimwona baba yangu akizeeka. Si maneno ya kupamba, rafiki yangu. Uso uliingia ndani mbele yangu.

"Tangu lini?" aliuliza.

"Maliza gari kwanza," mama alisema.

Hakumaliza. Alitushusha sote isipokuwa mama, akaondoa gari juu ya shimo na bolti zake nusu, akaenda na mama hospitali vile alivyokuwa, na nguo za kazi. Mlio ule tuliusikia mpaka walipopinda kona ya posho mili. Nyanya aliokota kikapu, akakaa kwenye kigoda, akamenya viazi vyote huku akilia. Jioni mama jirani alivipika, na hakuna mtu aliyevigusa isipokuwa mdogo wangu, ambaye alikuwa bado hajui.

Daktari alisema yale madaktari husema. Kwamba ugonjwa umeenea. Kwamba wangekuja mahindi yakiwa yanapandwa, kungekuwa na la kujaribu. Mama alilazwa, akarudi nyumbani, akalazwa tena. Siku za kurudi nyumbani alikaa mlangoni akifumba macho kwenye jua, na baba alikaa karibu naye bila kitu chochote mkononi, mikono yake haikujua ifanye nini. Alifariki watu wakivuna. Tulimpeleka magharibi kumzika, jeneza kwenye pikapu ya jamaa wa kanisa, sisi nyuma yake katika lile gari letu, na kiti cha mbele kushoto hakikukaliwa na mtu hadi tukafika. Kwenye mazishi, wazungumzaji, mmoja baada ya mwingine, walitukumbusha kwamba mficha maradhi kifo humuumbua. Niliichukia methali hiyo nikiwa mtoto na bado naichukia. Ni kweli, lakini si ya kumwambia mtu aliyesimama kando ya kaburi.

Baba alifukia lile shimo kwa mikono yake mwenyewe wiki tuliyorudi. Gari akaliuza kwa mkulima wa upande wa Ainabkoi aliyelitaka la kubebea kabichi, na hakusimama kulitazama likiondoka. Mwalimu alihamishwa. Hakuwahi tena kumtania mtu mbele yetu, na nilikuwa mtu mzima ndipo nilipoelewa sababu. Nyanya alirudi kwenye ukimya wake wa heshima, akapitisha maneno kwa watoto mpaka alipokufa, lakini baba hakupita huko magharibi bila kumwachia sukari mlangoni.

Ploti yenyewe haipo. Nimepita Langas, pamesimama gorofa yenye geti, na magari yamepangwa chini kila moja kwenye mistari yake. Yakigonga hupelekwa kwa fundi. Ni vizuri, nami hufanya hivyo hivyo. Lakini nikipita hapo hujiuliza kama ndani ya nyumba zile kuna mtu ambaye akipungua, jirani atajua. Tunaonana kwenye simu, tunatumiana picha za zamani, tunaambiana umependeza. Zamani mwili wa mtu ulikuwa habari ya watu wote, ukinenepa unasemwa, ukikonda unaulizwa, na tuliudhika, tukaona watu hawana adabu. Na hata hivyo, na watu wote wale, mama aliweza kujificha. Kwa hiyo sijui ninalilia nini hasa.

Siku ile ya kliniki, gari lilipokuwa limetulia na tunarudi Turbo, hakuna mlio tena, baba aliongea. Hakuwa amewahi kuzungumzia kifo cha mama, na mimi sikuwahi kumuuliza. Miaka yote nilibeba hasira yangu na kuipeleka kwa mama, kwamba alituficha ugonjwa wake, kwamba alichagua viazi badala yetu. Baba alikuwa akitazama mashamba.

"Watu husema mama yako alificha," alisema. "Hakunificha mimi. Mimi niliona mbele ya watu wote. Niliona kabla ya nyanya yako, kabla ya daktari. Nilipima kwa mkono wangu, nikaona amepungua, imeandikwa pale kwenye kijiti. Na mwalimu akasema kwa mdomo, nikacheka." Akageuza mkongojo mkononi. "Halafu nikaenda kununua springi."

Nilipunguza mwendo. Nilitaka kumwambia kwamba hakuna mtu angejua, na ilikuwa kweli, na isingemsaidia kitu. Nikaweka mkono wangu juu ya wake na kuendesha kwa mkono mmoja mpaka kwenye njia ya kuingia shambani. Mama nilimzika mara moja, nikamlilia, nikasimama. Baba nilikuwa nikimpoteza miaka yote hii, amekaa kando yangu mezani, kanisani, ndani ya gari langu, akilibeba hili peke yake, na mimi binti yake sikuona kitu.